Muulize Fundi Saa: Nani Anapunja Kwenye Bohari ya Wakati?

Toleo lililopita niliwasimulia hadithi ya Bohari ya Wakati, na barua zimemiminika mpaka mhariri akanitumia bahasha nzima kwa bodaboda hapa kibandani kwangu Magomeni. Kwa ambaye hakusoma, nairudia kwa ufupi.

Kazi ya saa nilijifunza Kariakoo mwaka 1974, kwenye baraza ya duka moja Mtaa wa Sikukuu. Jengo jipya la soko lilikuwa bado linajengwa, na vumbi la saruji lilikuwa linaingia hadi ndani ya mashine za saa. Mwalimu wangu, mzee wa Ujiji, alikuwa akiwaambia wateja kwamba nyuma ya jua iko bohari. Humo wakati unawekwa ukiwa mbichi, kwenye magunia, kama mpunga. Kila magharibi yanafunguliwa madirisha 24, makarani wanashika vibaba vyao, na kila kiumbe anapimiwa vibaba 24, yaani pishi 6, vya kumfikisha magharibi ya kesho. Tajiri, maskini, kuku, mbuyu, wote sawa. Ila wanachogawa ni mpunga. Kukoboa ni juu yako. Ukishakobolewa ndio mchele, tunaouita saa. Ukishapikwa ukaliwa ndio wali, tunaouita siku. Na hii saa ya mkononi, kwa maneno ya mzee, ni kinu tu. Kinu hakijawahi kuzaa mpunga.

Basi, ndiyo hadithi yenyewe. Mimi nilidhani nimejaza ukurasa, kumbe nimechokoza nyuki.

SWALI: Shikamoo Babu Fundi. Mimi ni mama ntilie hapa Buguruni. Umesema kila mtu anapimiwa sawasawa. Basi naomba nimjue anayenipunja mimi. Naamka saa tisa usiku, nawasha mkaa, nateleka maharage, nakanda chapati. Nafungua saa kumi na mbili, na sufuria ya mwisho naiosha saa nane mchana. Mwenye nyumba wangu anatoka chumbani saa tatu, anakaa barazani na redio yake. Yeye wakati anao mpaka unamwagika. Mimi hata nywele sijasuka tangu Idi. (Mama wa Watatu, Buguruni)

JIBU: Marahaba mwanangu. Barua yako nimeisoma mara tatu, na mara ya tatu nilichukua kalamu na karatasi.

Kwanza nikueleze kitu ambacho wewe kwa umri wako hukukikuta. Vita vya Kagera vilipokwisha mwaka 1979 nchi ilikuwa imekauka. Miaka ya themanini mwanzoni sukari, sabuni, mafuta ya kula, hata khanga, vilikuwa vinapatikana kwa mgawo, kwenye duka la kaya, na kila kaya ina kadi yake. Duka la mtaa wetu mizani yake ilikuwa halali kabisa. Niliikagua mwenyewe, maana mwenye duka alinipa saa yake ya ukutani niitengeneze. Kilo ilikuwa kilo. Lakini kuipata kilo hiyo ulikuwa unapanga foleni tangu alfajiri, na ukibanwa na haja unaacha jiwe mahali pako, na ukirudi unakuta jiwe limesogezwa nyuma na mtu asiyejulikana. Kwenye karatasi wote tulipata sawa. Mwenye kijana wa kumtuma foleni alipata sukari na siku yake akabaki nayo. Asiye na kijana alipata sukari tu.

Kwa hiyo ukiniuliza mimi, dirishani hapunjwi mtu. Tutazame njiani.

Katika ukurasa wako wa pili, ambao mhariri ameukata kwa kukosa nafasi, umeandika kwamba kodi ya chumba ni shilingi 60,000 kwa mwezi, na siku nzuri ukishatoa mkaa, unga na mafuta unabaki na shilingi 6,000. Gawanya. Ni siku 10. Siku yako ya kazi inaanza saa tisa usiku inakwisha saa nane mchana, vibaba 11. Mara siku 10, vibaba 110. Hizo ni pishi 27 na vibaba viwili, kila mwezi, vinatoka kwako vinaingia kwa mwenye nyumba vikiwa vimekwisha kukobolewa, kupepetwa na kuchaguliwa mawe. Unashangaa anaamka saa tatu? Mwanangu, amelala ndani ya vibaba vyako.

Sisemi ukagombane naye. Bati ni lake na kiwanja ni chake, na huenda naye kuna mahali alikoamka saa tisa usiku miaka mingi iliyopita. Nasema tu usimwonee karani.

Unachoweza kupunguza wewe ni pumba, yaani wakati unaopotea bure. Maharage yaloweke tangu saa mbili usiku, maji yale uyamwage, uteleke kwa maji mapya. Yataiva mapema na mkaa utapungua. Utaniuliza fundi saa anajua nini kuhusu maharage. Marehemu mke wangu alipika miaka 31 na mimi nilikuwa nimekaa palepale naangalia saa. Na nywele suka. Kwenye hesabu yangu ususi si pumba.

SWALI: Habari za kazi Babu. Nimekulia Kigoma, Tandika nimehamia mwaka jana. Kule mwezi kama huu wa Juni, saa kumi na mbili na dakika arobaini jioni tuko uwanjani na jua tunaliona. Hapa saa hiyo hiyo naambiwa mpira umepita na mimi sikuuona. Dirisha la Dar linafungwa mapema? (Kijana wa Mwanga, sasa Tandika)

JIBU: Nzuri kijana wangu. Hili halihitaji Bohari, linahitaji ramani.

Dunia inazunguka digrii 15 kila saa moja, kwa hiyo digrii moja ni dakika 4. Saa yetu ya Afrika Mashariki iko mbele ya Greenwich kwa saa 3, maana yake imepimiwa kwenye mstari wa digrii 45 mashariki. Sasa tafuta mstari huo. Tanzania haugusi popote. Unapita karibu na Mogadishu! Dar es Salaam iko kwenye digrii 39 na ushee, kwa hiyo jua linatufikia utosini, kwa wastani, saa sita na dakika 23 mchana. Nasema kwa wastani kwa sababu jua nalo si mfanyakazi wa kutegemewa: Novemba linawahi, Februari linachelewa. Kigoma iko karibu na digrii 30, na kule utosi unafika saa saba mchana imepita dakika moja au mbili.

Kwa hiyo mgawo wetu sote unapimiwa kwa saa ya Mogadishu. Sisi wa pwani jua linatufikia likiwa limechelewa dakika 23, ninyi limechelewa saa nzima na chenji. Dirisha la Dar halifungwi mapema, la kwenu ndilo linalochelewa kufunguliwa. Kumbuka asubuhi za Juni Kigoma, saa kumi na mbili na nusu, ulipokuwa unakwenda shule: si giza lile? Jioni mlikuwa mnarudishiwa kile mlichonyimwa alfajiri.

Mwalimu wangu alikuja Dar kutoka Ujiji na jua lake kichwani. Mpaka anastaafu alishikilia kwamba saa zote za mji huu zina ugonjwa wa kuchelewa, kwa kuwa jua linapokaa utosini yeye alitarajia kukuta saa saba, na anakuta sita na robo, sita na nusu. Alizitengeneza saa hizo miaka yote bila kuziamini.

Lakini tushukuru kwa jambo moja. Dar mchana mrefu wa Desemba na mfupi wa Juni haupishani hata saa nzima. London, mchana wa Juni unapita saa 16 na wa Desemba haufiki 8. Ndiyo maana hesabu yetu ya Kiswahili inakaa vizuri hapa: jua likichomoza unaanza moja, na mwaka mzima hujaongopa sana. Ukiipeleka hesabu hiyo London, Desemba saa moja asubuhi utaipigia kelele gizani.

SWALI: Mzee shikamoo. Nina saa ya kutia ufunguo, ya marehemu mjomba. Siku hizi inakimbia dakika tano mbele kila siku. Washkaji wa kijiweni wanasema mimi napata wakati mwingi kuliko wao. Kweli? (Bodaboda, Sinza)

JIBU: Marahaba. Hupati kitu. Wapo wauza nafaka ambao kibaba chao kimebonyezwa chini kwa ndani. Ukinunua vibaba kumi unahesabu kumi kweli, ukifika nyumbani sufuria haijai. Saa inayokimbia ni kibaba kilichobonyea.

Ugonjwa wake naukisia kutoka hapa: imeingia sumaku. Ndani kuna kamani nyembamba kama unywele, imejiviringa. Ikipata sumaku mizunguko yake inashikana, inakuwa kama imefupishwa, na saa inaanza kukimbia. Waulize hao washkaji kama kijiweni hakuna spika kubwa, na wewe unaegesha mkono juu yake. Fundi yeyote mwenye kile kifaa cha kuondolea sumaku ataimaliza kazi hiyo kabla hujamaliza soda. Akikuambia anabadilisha mashine yote, chukua saa yako ondoka.

SWALI: Shikamoo babu. Mwalimu wetu wa fizikia aliisoma hadithi yako darasani, akasema ni porojo, wakati haupimwi kwa kibaba. Halafu yeye mwenyewe akasema kuna sekunde moja ambayo huongezwa duniani kila baada ya miaka kadhaa. Nikamuuliza inatoka wapi, akasema tutaikuta mbele. Mimi mwakani nachukua masomo ya sanaa, huko mbele sifiki. (Mwanafunzi, Kidato cha 2, Temeke)

JIBU: Marahaba mjukuu wangu. Mwalimu wako amesema kweli, mpe salamu zangu. Bohari ni hadithi. Sekunde ya nyongeza si hadithi, na naomba uivumilie kidogo kwa sababu hapa ndipo kazi yangu ilipo.

Kila saa ni kitu kinachotikisika na mtu wa kuhesabu mitikisiko. Saa ya kutia ufunguo ya zamani inagonga mara 5 kwa sekunde, nyingine mara 8. Saa ya betri ina kipande cha jiwe la kwazi kinachotetema mara 32,768 kwa sekunde. Tangu 1967 sekunde yenyewe duniani kote inapimwa kwa atomu ya siziamu: mawimbi yake yakitetema mara 9,192,631,770, hiyo ni sekunde moja. Ni vinu vichache mno vinavyotwanga kwa usawa kama hicho.

Kabla ya hapo kinu kilikuwa dunia yenyewe. Siku moja, igawe mara 86,400, umepata sekunde. Tatizo ni kwamba dunia ni kinu kikongwe. Kuthibitisha, nenda Feri wakati wa bamvua, mwezi ukiwa mpevu au umeandama. Simama pale wanapouza samaki uangalie maji. Yanapanda na kushuka zaidi ya mita 3, mara mbili kwa siku. Maji yote hayo yanavutwa na mwezi huku dunia inazunguka chini yake, na msuguano wake unafanya kazi ya breki. Breki ndogo sana: siku inarefuka kama milisekunde 2 kwa kila miaka 100. Na mwezi nao unalipwa kwa kazi hiyo, unasogea mbali nasi sentimita 3.8 kila mwaka. Hilo linapimwa kwa kupiga miali ya leza kwenye vioo ambavyo wanaanga wa Marekani walianza kuviacha huko juu mwaka 1969. Wavuvi wetu wanajua bamvua na maji mafu kuliko mimi, ila sijawahi kumsikia hata mmoja akijisifu kwamba bahari yake inairefusha siku.

Sasa una vinu viwili, cha atomu kisichochoka na cha dunia kinachosinzia. Vinapishana kidogo kidogo, na pengo likikaribia sekunde moja wakubwa wa vipimo wanaongeza sekunde. Tangu 1972 wamefanya hivyo mara 27. Ya mwisho ilikuwa mwisho wa tarehe 31 Desemba 2016 kwa saa za Greenwich. Hapa kwetu ilikuwa tayari 1 Januari 2017, saa nane na dakika 59 usiku.

Nilikesha makusudi. Nilikaa nje ya mlango wangu na saa ya mkononi niliyoirekebisha mchana kutwa. Mtaani bado watu wanapiga madebe ya mwaka mpya, mlevi mmoja anaimba, mbwa wanamjibu. Ilipotimu sekunde ya 59 nikavuta kile kichwa cha kutilia ufunguo, mshale wa sekunde ukasimama, nikasema "moja" kwa sauti, nikakisukuma. Basi. Jirani akaniuliza ninahesabu nini, nikamwambia nimeongezewa sekunde. Akasema, "Kaitumie vizuri mzee," akaingia ndani kulala.

Swali lako ni inatoka wapi, na jibu ni kwamba haitoki popote. Hakuna gunia lililofunguliwa. Saa ya atomu, iliyokuwa mbele, imesimama hatua moja kumngoja mzee dunia afike. Ukimwona kijana mwenye miguu myepesi anasimama barabarani babu yake amfikie, huwezi kusema barabara imerefuka.

Na usichelewe kuishangaa, maana inaondolewa. Miaka ya karibuni dunia imekaza mwendo kidogo na nyongeza haikuhitajika tena tangu ile. Novemba 2022 Mkutano Mkuu wa Vipimo na Mizani, uliokutana Ufaransa, uliamua kwamba kufikia 2035 utaratibu huu wa kuongeza sekunde moja moja ulegezwe, pengo liachwe liwe kubwa zaidi, kwa kuwa mitambo ya kompyuta haipendi dakika yenye sekunde 61. Mimi sikuulizwa. Ningeulizwa ningesema tuendelee kumngoja mzee.

SWALI: Hujambo mwanangu. Nina miaka themanini na kitu, nakaa Ilala, gazeti nasomewa na mjukuu. Fundi unayemwandika nilimfahamu. Hadithi ya Bohari si yake. Ni ya mkewe, yule aliyekuwa akiuza uji pembeni ya baraza ile. Mwenye vibaba alikuwa yeye. Mwanamume yule alikuwa na saa tu. Rekebisha. (Bibi wa Ilala)

JIBU: Shikamoo mama. Barua yako nimekaa nayo siku mbili, na mteja mmoja nimemrudishia saa bila kuifunga kifuniko.

Ni kweli. Nimejaribu kumkumbuka mzee akisimulia hadithi ile nikiwa peke yangu naye, siipati siku hiyo. Ninachokiona ni mwanamke ameketi kwenye kigoda, ungo mapajani, anapepeta. Alikuwa ananunua chenga kwa bei ndogo kwa sababu kwenye uji chenga haina aibu. Mzee alikuwa hajui tofauti ya chenga na pumba. Angeijulia wapi, yeye jicho lake moja lilikuwa limefungwa kioo cha fundi asubuhi mpaka jioni? Maneno yalitoka kwenye ungo, yeye akayaokota, akawa anayatumia kwa wateja ambao saa zao hazijawa tayari. Mimi nilikuwa katikati, sikio moja huku, sikio moja kule, na baada ya miaka hamsini nikaandika sauti moja.

Nakumbuka na upawa wake. Kila mtu alipata upawa mmoja kwa bei moja. Mimi mwanafunzi alinimiminia mmoja, kisha anachovya tena anadondoshea kidogo juu, bila kunitazama. Sikuwahi kumlipa. Nilidhani mzee ndiye anayelipa, na huenda mzee naye alidhani hivyo hivyo kuhusu mimi.

Kuanzia toleo hili, hadithi ni yake. Mwaka 1979 nilihamia Morogoro, na niliporudi baraza ilikuwa na watu wengine na hakuna aliyejua walikokwenda. Wewe mama umeandika "alikuwa". Kama unajua alikolala, nitumie kupitia mhariri, nitafika. Na kama mjukuu ndiye aliyekosea kuandika, na mwenyewe bado yupo, usingoje toleo lijalo.